Nani alibashika mukono? Vijana wa gitaa na wa karindula katika Katanga

 

Hapa tumezoea kuandika juu ya kazi, juu ya konkuru, juu ya barua za kuomba kazi ambazo hazijibiwi. Leo nataka tuongee historia. Mimi si mwanahistoria, nilisomea kilimo. Lakini historia hii ilinikuta njiani, chini ya mvua, na tangu siku ile sijaiacha.

Ilikuwa mwezi wa kumi na mbili, mwaka ule nilimaliza. Nilizunguka mji asubuhi mzima na bahasha ya vyeti chini ya koti. Kila pahali jibu lilikuwa moja: acha nakala, tutakuita. Mvua ikanikamata Katuba. Nikakimbilia chini ya bashi ya mama mmoja muuza vitumbula. Kumbe mbele yangu walishafika vijana wane. Mkubwa wao, kwa macho, hakuwa na miaka kumi na saba. Wawili walikuwa wanashikilia karindula kubwa, ile ya pipa la chuma, na ngozi yake ilikuwa imepasuka katikati. Watu fulani wenye kofia na fimbo walikuwa wamewafukuza mbele ya nganda moja, na katika kukimbia chombo kilianguka.

Mama akawapa kila mmoja vitumbula viwili. Mkubwa akasema:

— Mama, hatuna na franka.

— Nani anakuuliza franka? Miye nilikuuliza franka? Kula kwanza.

Mimi nilikuwa na franka kidogo mfukoni, na sikutoa kitu. Nilisimama paka vile, nikilinda bahasha yangu isilowane. Mama akanitazama, akauliza:

— Na weye, papa, uko unasoma?

— Nilimaliza, mama.

— Ulisomea nini?

— Kilimo. Mashamba na nyama za kufuga.

— Basi unajua mambo ya ngozi. Baonyeshe bale batoto namna ya kutengeneza ngozi ya mbuzi, haiko kazi hiyo?

Nilicheka. Kiisha nikaona yeye hachekeki. Nitarudia mambo ya ile ngozi mwishoni. Kwanza nataka tuulize ulizo moja: hawa vijana wanaopiga muziki njiani mu Katanga walianza lini, na nani alibashika mukono? Kwa sababu siku ile nilifikiri ni jambo la shida ya leo tu. Nilipoanza kusoma, niliona iko na zaidi ya miaka sabini.

Mwenda, kijana wa Bunkeya

Katika mwaka 1930, pale Bunkeya, mji mkuu wa zamani wa mfalme M'siri wa Bayeke, alizaliwa mtoto ambaye dunia ilikuja kumjua kwa jina la Jean Bosco Mwenda, ao Mwenda wa Bayeke. Wazee wetu wengi bado wanajua kupiga mdomo mwendo wa gitaa lake. Vijana wengi wa umri wangu hawajasikia hata jina.

Kwa kufahamu gitaa lilimfikia namna gani, lazima tutazame njia ya reli. Reli kutoka kusini ilifika Élisabethville, Lubumbashi yetu, katika mwaka 1910, mwaka ule ule mji ulianzishwa. Mwaka uliofuata shaba ya kwanza ikayeyushwa katika kiwanda cha Union Minière du Haut-Katanga, kampuni iliyoundwa 1906. Kazi ya shaba ilihitaji mikono. Watu walitoka Kasai, Luapula, Rhodesia, Barotse, Rwanda na Urundi. Kila mmoja alikuja na lugha yake na wimbo wake, na wengine waliotoka kusini walikuja na vyombo vya duka: banjo, kinanda cha kuvuta, na gitaa. Katika makambi, watu wasio na lugha moja walikutana ndani ya Kiswahili, na Kiswahili chenyewe kikabadilika kinywani mwao. Hiki tunachoongea leo kilizaliwa katika kazi ile.

Tangu mwisho wa miaka ya 1920, kampuni ikaamua kuwa ni faida mfanyakazi akae na mke na watoto kambini, kuliko kutafuta watu wapya kila mara. Njo vile makambi yakapata nyumba, posho, hospitali na masomo. Watoto wa mji wakakua. Lakini tusiseme ilikuwa paradiso. Kati ya mji wa wazungu na site ya weusi kulikuwa nafasi tupu iliyoachwa kwa makusudi. Usiku mtu mweusi hakuwa na ruhusa ya kutembea kama anavyotaka, na kutoka mji moja kwenda mwingine kulihitaji karatasi. Mwezi wa kumi na mbili 1941, wafanyakazi wa Union Minière waliogoma kwa kuomba nyongeza ya mshahara walipigwa risasi na askari hapa Élisabethville. Mwenda alikuwa na miaka kumi na moja wakati ule. Kizazi chake kilikulia katika inchi ambamo mtu mweusi kukaa njiani bila sababu ni kosa tayari.

Sasa mfikirie kijana wa miaka ishirini na mbili, katika mwaka 1952, anatembea na gitaa mu njia za Jadotville, mji ambao leo ni Likasi. Hugh Tracey, mwingereza aliyekuwa anaishi Afrika ya Kusini, alikuwa anazunguka inchi zetu na mashine ya kurekodi, akikusanya muziki wa watu. Akamkuta Mwenda. Akarekodi nyimbo zake, na kati yao «Masanga».

Kama hujawahi kuisikia, itafute leo. Ni mtu mmoja na gitaa moja, lakini sikio linadai wako wawili ao watatu. Mwenda alipiga kwa vidole viwili tu vya mkono wa kuume, kidole gumba na kile cha kuonyesha. Gumba linatembea chini kama mguu, kidole kingine kinacheza juu, na kati yao kuna maneno yanajibizana. «Masanga» ilipewa tuzo la Osborn la mwaka ule kwa muziki wa Afrika. Sahani zikatoka kwa alama ya Gallotone, zikauzwa mbali na Katanga. Katika miaka ya 1961 na 1962 mtaalamu David Rycroft aliandika masomo mawili juu ya gitaa la Mwenda katika gazeti la African Music, akifuatilia nota moja moja. Fikirieni: muziki wa kijana wa njiani ulichunguzwa kama vile sisi tulivyochunguza udongo katika laboratwari.

Mkono wa mwenye mashine

Hapa njo ulizo linaanza kuuma. Je, Tracey alikuwa mtu mwema?

Kuna jibu la haraka la kusema ndiyo: bila yeye hatungesikia «Masanga» ya 1952. Katika mwaka 1954 alianzisha nyumba ya kulinda muziki wa Afrika, ILAM, ambayo leo iko ndani ya Universite ya Rhodes, pale Makhanda, Afrika ya Kusini. Sauti ya Jadotville inalindwa kule, katika kabati lenye hewa nzuri, wakati hapa kwetu sahani nyingi zilivunjika, zikaliwa na joto na vumbi. Na kuna jibu lingine la haraka la kusema hapana: mzungu alipita, akachukua, akaondoka, kama vile shaba ilivyoondoka. Hata leo mwanafunzi wa Lubumbashi mwenye kutaka kusoma juu ya Mwenda anaanza kwa kutafuta maandishi yaliyochapwa mbali.

Mimi nadhani majibu yote mawili yako na ukweli ndani. Na majibu yote mawili yanamsahau Mwenda mwenyewe. Sababu yeye hakukaa njiani kungoja mkono wa mtu. Alikuwa amesoma, alifanya kazi ya ofisi, na muziki aliuweka pembeni ya kazi. Mwisho wa miaka ya 1950 na mwanzo wa 1960, yeye na Edouard Masengo, mpiga gitaa mwingine mkubwa wa Katanga, walifika Nairobi, na kule gitaa la Katanga likawa somo kwa vijana wa Kenya. Vijana walijifunza kwa kukaa mbele ya vidole vyake, na kwa kurudilia sahani mpaka inaisha. Katika mwaka 1969 Mwenda alipanda jukwaa la Newport, Marekani, mbele ya watu wa folklore ya dunia. Kiisha akarudi Lubumbashi, akaendelea na kazi yake na okestra yake, Super Shaba.

Nikiambiwa nichague mkono mmoja katika maisha ya Mwenda, sitachagua ule uliomrekodi. Nachagua ule aliounyoosha mwenyewe. Katika mwaka 1979 kijana mwingereza mpiga gitaa, John Low, alikuja Shaba, kama jimbo letu lilivyoitwa wakati wa Zaire, kwa kutafuta wale wazee aliowasikia kwenye sahani. Alimkuta Mwenda, akamkuta Masengo, akamkuta Losta Abelo. Hawakumfukuza. Hawakusema: wenzako walishachukua ya kutosha. Walikaa naye, wakamwonyesha kidole kwa kidole, na yeye akaandika kitabu cha safari ile, *Shaba Diary*, kilichotoka 1982. Zamani mzungu alikuja na mashine akarekodi. Sasa mzungu alikuja na gitaa, akaketi chini kama mwanafunzi. Mwalimu alikuwa mtu wa kwetu.

Juu ya Masengo niseme neno moja, kwa bana Lubumbashi. Aliimba pia na JECOKE, kundi la Jeunes Comiques de la Kenya. Kenya ile ni komine yetu, ile ya soko kubwa, haiko inchi ya Kenya. Kundi lilikuwa la vijana wa site, wenye kucheza, kuchekesha na kuimba. Masengo alifika baadaye katika inchi yenye jina lile lile, na gitaa lake mkononi. Wakati mwingine unapopita Kenya na taksi bus na unalalamika juu ya matope, kumbuka kwamba pale palizaa watu waliochezesha miji.

Wakati baba alipoanguka

Sasa tutofautishe kitu, sababu nisipotofautisha nitawadanganya. Mwenda hakuwa shege. Kwake njia ilikuwa pahali pa kupita na gitaa, kiisha unarudi nyumbani, na kesho kuna kazi. Vijana niliowakuta chini ya bashi ya mama wa vitumbula, kwao njia ni nyumba. Kati ya mambo haya mawili kuna historia ya nusu karne, na wazazi wetu wako ndani.

Union Minière ilichukuliwa na Serikali mwishoni mwa 1966, na baadaye ikaitwa Gécamines. Kwa familia nyingi za Lubumbashi, Likasi na Kolwezi, kampuni ilikuwa baba na mama. Ilitoa unga, ilitoa dawa, ilisomesha mtoto, ilizika mzee. Katikati ya miaka ya 1980 ilikuwa bado inatoa tani zaidi ya 400.000 za shaba kwa mwaka. Kiisha mambo yakavunjika moja baada ya lingine: mashine zilizochoka, pesa zilizoliwa, na katika 1990 kuporomoka kwa mgodi wa Kamoto. Katika 1991 askari wasiolipwa na raia wenye njaa wakapora miji. Katika miaka ile ile Mwenda wa Bayeke alikufa katika ajali ya gari Zambia. Ni kama vile kizazi kizima kilifunga mlango. Katika 1992 na 1993 ndugu zetu wenye asili ya Kasai wakafukuzwa, wakalala kwenye stesheni za treni na watoto wao, na wengi hawakufika. Uzalishaji wa shaba ukashuka mpaka sehemu ndogo kabisa ya ule wa zamani. Katika 2003, wafanyakazi zaidi ya 10.000 wa Gécamines wakatolewa kwa mpango ulioitwa «départ volontaire», kuondoka kwa mapenzi. Muulize mzee yeyote wa kambi kama yalikuwa mapenzi.

Profesa Donatien Dibwe dia Mwembu, wa universite yetu, aliandika katika 2001 kitabu juu ya familia za wafanyakazi wa Katanga, na kichwa chake kinasema yote: wana wa Shaba walioachwa na baba yao. Baba ni mume asiyeweza tena kulisha nyumba, na baba ni kampuni pia. Katika nyumba nyingi mama njo alishika. Aliweka meza ya chumvi na mafuta mbele ya nyumba. Alikaanga vitumbula. Alibeba makala. Mwanamke ambaye kampuni ilimfundisha kushona na kungoja mshahara wa mume, aliamka saa kumi usiku kwa kwenda Kasumbalesa.

Na mtoto ambaye hata mama hakuweza kumshika, akaenda njiani. Wengine walifukuzwa na baba wa kambo, wengine waliitwa balozi. Masalesiani, ambao wako Katanga tangu 1911, wanafungua mlango kwa watoto hawa mu nyumba zao za Bakanja. Ni kazi kubwa. Lakini nyumba moja haiwezi kulaza mji mzima.

Pipa, ngozi, na nyuzi

Katika hali ile njo karindula ilipata nguvu. Chombo chenyewe ni banjo, lakini banjo ya watu wasio na duka. Ile kubwa inafanywa na pipa la mafuta, inafunikwa na ngozi ya mbuzi, inapewa shingo ndefu ya mti na nyuzi ine. Mpigaji anaweza kuikalia juu kama kiti. Zile ndogo zinafanywa na bidoni ao na kopo la maziwa ya unga. Wanaimba kwa Kiswahili cha hapa na kwa Kibemba, wimbo mmoja unaweza kupita nusu saa, na wachezaji wanajitupa chini, wanasimama, wanawekelea kiti kichwani, paka watu wanatoa franka. Katika 2009 Vincent Kenis, mbelgiji mrekodi muziki, alikuja Lubumbashi, akapiga sinema na kurekodi makundi ya karindula hadharani, mbele ya watu wa mtaa. Kazi ile ilitoka 2011 na kampuni ya Crammed Discs.

Mwaka ule 2009, kampuni ile ile ilikuwa imetoa sahani ya Staff Benda Bilili, wale wanamuziki wa Kinshasa walemavu wa miguu, wenye kutembea na kinga za magurudumu matatu. Mnajua sehemu ya hadithi yao: sinema iliyofungua sehemu moja ya tamasha la Cannes katika 2010, na safari za dunia. Sehemu ninayoipenda mimi ni ndogo. Kulikuwa kijana wa njiani, Roger Landu, mwenye chombo cha uzi mmoja juu ya kopo, alichokiita satonge. Nani alimchukua? Papa Ricky Likabu na wenzake, watu wazima wasiotembea, waliolala katika nyumba ya walemavu ambayo yenyewe iliungua. Walimpa nafasi kati yao, wakamfundisha kuwa mtu wa kazi. Kundi lilikuja kugawanyika katika 2013, kama makundi mengi. Lakini tendo la mwanzo halikufutika: mtu asiye na miguu alimbeba mtoto asiye na nyumba.

Mukitazama vizuri, mutaona kamba moja. Katika kila hadithi kuna mwenye mashine: Tracey, Kenis, watu wa sinema. Huyu tunamkumbuka sababu jina lake liko juu ya sahani. Lakini mwenye mashine anafika siku moja, na anamkuta kijana akiwa mzima, chombo kikiwa kizima. Nani alimlinda mpaka siku ile? Ni mama wa vitumbula. Ni mwenye gereji aliyetoa pipa. Ni mzee aliyesema: mwanangu, kidole hiki kiweke hapa. Hawa hawaandikwi popote. Katika historia ya Katanga hili haliko jambo jipya. Katika 1965 maboyi wa zamani, wapishi na watumishi wa nyumba za wazungu, walikusanya wao wenyewe historia ya mji huu kwa Kiswahili cha hapa, André Yav akaiandika, *Vocabulaire de ville de Elisabethville*. Walijua kwamba wasipoiandika wao, mji utakuwa na historia ya wakubwa tu.

Ngozi yenyewe

Sasa nirudi Katuba.

Kesho yake nilirudi kwa yule mama. Nitasema ukweli: nilirudi kwa haya, na sababu sikuwa na pahali pengine pa kwenda. Vijana walikuwa pale. Mchinjaji wa jirani alishawaachia ngozi ya mbuzi, mbichi, yenye manyoya. Walikuwa wanataka kuipasua vile vile juu ya pipa.

Nikawaambia wangoje. Katika masomo ya ufugaji tulifundishwa mambo ya ngozi, mimi nikayaandika kwenye kitabu cha mtihani na kuyasahau. Tukachukua majivu ya kuni kwa yule mama, tukayachanganya na maji, tukaloweka ngozi siku tatu, tukigeuza asubuhi na jioni. Majivu yanalegeza manyoya. Siku ya nne tukakwangua kwa upande wa kisu usiokata, tukaosha vizuri, tukaondoa nyama na mafuta upande wa ndani, sababu mafuta njo yanaozesha. Kiisha tukaivuta juu ya pipa ingali laini, tukaifunga na vipande vya mpira wa kinga, tukaikausha kivulini pole pole. Ukikimbiza kwenye jua kali, inapasuka tena. Na siku ya mvua, mbele ya kucheza, unaipitisha karibu na moto kidogo, inakaza.

Mkubwa wao akapiga mara moja kwa kidole. Ngozi ikajibu. Akapiga tena. Mama akaacha kijiko ndani ya mafuta, akacheza hatua mbili. Watu wawili watatu wakasimama.

Yule kijana akaniuliza:

— Papa, kumbe mambo haya njo banafundishaka ku universite?

— Ndiyo.

— Basi juu ya nini ulikuwa na huzuni?

Sikumjibu. Mpaka leo natafuta jibu. Nilisoma miaka mitano, nikafikiri masomo yangu yatafaa siku mtu mwenye ofisi atakaponiita. Mama asiyesoma aliona kwa dakika moja yatafaa wapi. Na mimi niliyelinda bahasha isilowane, njo nilikuwa na kitu cha kutoa kuliko wote chini ya bashi ile, na wa mwisho kukitoa.

Sisemi kwamba huruma ya mama muuza vitumbula inatosha. Haitoshi. Mtoto anahitaji kitanda, masomo na dawa, na kuna watu tuliowachagua na kuwalipa kwa kazi ile. Tusiwasamehe kwa kuimba sifa za maskini wanaosaidiana. Wale wenye fimbo waliopasua ngozi hawakuwa mvua wala radi, walitumwa na mtu. Lakini sisi pia tusijifiche nyuma ya Serikali. Muhandisi wa umeme anaweza kuonyesha namna ya kutengeneza kipaza sauti kwa redio mbovu. Mwanasheria anaweza kusimama mbele ya mwenye fimbo na kuuliza: sheria gani? Mwanahistoria anaweza kukaa na wapiga karindula wa leo, na wazee waliomjua Masengo, akaandika majina mbele hayajaisha. Wazee wale wanakufa kila mwaka. Tusingoje mtu aje na mashine kutoka mbali.

Wale vijana sasa siwaoni sana. Wawili wako bado wanapiga, nawasikia siku za mwisho wa juma kule kwa sherehe. Mmoja anafanya kazi kwa yule mchinjaji. Wa nne sijui njia ilimpeleka wapi, na kila nikikuta karindula mtaani naangalia kwanza uso wa mwenye kuikalia. Mimi nilipata kazi ndogo ya mashamba. Yule mama yuko pale pale, bashi ni mpya.

Ukipita njiani leo ukakuta watoto na pipa, simama hata wimbo moja. Kama uko na franka, toa. Kama hauna, uliza ngozi iko namna gani.

Na hapa chini tuandikie: weye, siku ulikuwa na njaa na hauna kitu, nani alikushika mukono? Taja kazi yake, si lazima jina. Tuiandike sisi wenyewe.